Siku Moja Tabora: Ushauri kwa Msafiri wa Masumbwe

Mavuno yakishauzwa na vikoba vikishagawana, watu wa Masumbwe huanza kuulizana mwaka huu waende wapi. Kwaya zinakodi kosta, walimu wanapanga ziara ya wanafunzi, ndugu wanachangishana mafuta ya gari. Mara nyingi safari huishia Mwanza: picha kwenye jiwe la Bismarck, sato wa kukaanga, nguo za watoto, kisha kugeuza. Hakuna ubaya wowote katika hilo. Lakini safari hii nataka nikushawishi uelekee kusini, Tabora, na uitoe siku nzima kuongozwa na mtu anayeujua mji ule mtaa kwa mtaa.

Huko Meksiko, kwenye rasi ya Yucatán, wageni huuziwa siku ya namna hii kila kukicha. Asubuhi wanapelekwa kwenye magofu ya Wamaya ya Chichén Itzá. Mchana wanakula chakula cha kienyeji kama cochinita pibil, yaani nyama ya nguruwe iliyopikwa shimoni. Jioni wanatembezwa katika mji wenye rangi zake, kama Izamal, ambao majengo yake ya katikati yamepakwa manjano. Aliyebuni mpango huo alijua anachofanya, maana mtu anarudi ameshiba macho, tumbo na kichwa kwa siku moja. Tabora nayo inaweza kukupa vyote vitatu, ila kwenye magofu inabidi ujiandae kwa namna nyingine.

Wamaya walijenga kwa mawe ya chokaa. Kilwa Kisiwani walijenga kwa matumbawe, ndiyo maana msikiti wao mkuu bado una kuta. Wanyamwezi na Wasumbwa walijenga kwa udongo, miti na nyasi. Ngome za watemi wao zilikuwa imara kiasi cha kuwashinda maadui wenye bunduki, lakini ukuta wa udongo usiposilibwa tena, masika huurudisha ardhini. Ukifika peke yako utaona mwembe mkubwa, kichuguu na shamba la mahindi, utasema umedanganywa. Huku bara ukuta umebaki katika maneno ya anayeusimulia. Kwa sababu hiyo ushauri wangu wote unaanzia hapa: katika bajeti yako fungu la kwanza liwe la mwongozaji, gari na mengine yafuate.

Kwanza tuimalize habari ya barabara. Usijaribu kwenda na kurudi siku ileile. Kutoka Masumbwe unateremka Kahama, unapita Isaka, unakunja Tinde kuelekea Nzega, kisha unaingia Tabora. Ni lami, lakini ni ndefu, na malori ya Rwanda na Burundi yanaijaza usiku na mchana. Ondoka asubuhi, kunywa supu na chapati Kahama, fika Tabora jioni, oga, lala. Siku ya ziara ianze kesho yake saa moja asubuhi ukiwa na miguu mipya. Anayefika saa saba mchana na kutaka kugeuza saa kumi atakuwa amelipia viti vya basi tu. Njiani msimame Isaka dakika chache, hasa mkiwa na watoto, waione bandari kavu: mizigo ya nchi jirani inavyofika kwa reli na kupakiwa kwenye malori. Kesho yake, mkisimama kituo cha reli cha Tabora, jambo hilo litawarudia.

Sasa mwongozaji. Mtafute kabla hujaondoka nyumbani, usingoje kumwokota stendi. Njia nzuri ni kuanzia ofisi ya utamaduni ya manispaa, au walimu wa historia wa shule za Tabora, au wahudumu wa makumbusho ya Kwihara. Ukimpata kwa simu, usimuulize bei kwanza. Mwombe akueleze kwa dakika tano kilichotokea katika ngome ya Mtemi Isike. Akikupa mwaka, jina la adui na sababu ya ugomvi, endelea naye. Akikwambia "mtaona wenyewe mkifika," mshukuru, mtafute mwingine. Muulize pia kama anajua Kinyamwezi, kwa sababu mkikutana na mzee wa miaka themanini kijijini, huenda Kiswahili chake kikawa cha salamu na habari za mvua tu. Mambo yenye uzito atayasema kwa lugha aliyokulia.

Mkishaelewana, ndipo mzungumzie pesa, na mzungumzie kila kitu: ujira wake kwa siku, kiingilio cha makumbusho, chakula chake, bajaji au Noah kama hamna gari, na zawadi ya wazee mtakaowatembelea. Yaandike kwenye ujumbe wa simu ili kila mtu awe na nakala. Ugomvi mwingi wa safari huzuka saa kumi na moja jioni, watu wamechoka, kila mmoja anakumbuka makubaliano yake. Kiingilio dai stakabadhi. Kama anayekuongoza anafanya kazi hiyo kibiashara, muulize leseni. Anayefanya kazi halali hawezi kukasirika.

Anzeni Kwihara asubuhi, jua halijawa kali. Ni kilomita chache nje ya mji. Pale pana nyumba ya tembe, yaani nyumba ya udongo yenye paa la bapa, iliyojengwa upya mahali palipokuwa na nyumba ya mfanyabiashara Mwarabu. Simameni kwanza mlangoni. Mlango wa mbao wenye nakshi, wa aina unayoutegemea Unguja au Bagamoyo, umesimama katikati ya Unyamwezi, mamia ya kilomita kutoka baharini. Waacheni watoto waupapase kwa macho, wahesabu nakshi, kisha mwongozaji awaulize mbao nzito na mafundi wa aina hiyo walifikaje huku kabla ya reli na kabla ya lori. Jibu ni migongo ya watu, na kuanzia hapo ziara inakuwa na maana.

Wengi watakwambia Kwihara ni mahali pa Livingstone, mmisionari Mskoti, na kweli alikaa. Alifika na Stanley, mwandishi wa habari aliyekuja kumtafuta, Februari 1872 wakitokea Ujiji. Stanley akaondoka kwenda pwani tarehe 14 Machi, Livingstone akabaki akisubiri wapagazi waliotumwa kutoka pwani, hadi tarehe 25 Agosti alipoanza safari yake ya mwisho. Mwaka mmoja kabla, Agosti 1871, Stanley alikuwa katika nyumba hiyohiyo akijiandaa kuilinda, kwa sababu Mtemi Mirambo wa Urambo alikuwa amewashinda Waarabu wa Tabora na kuchoma sehemu ya mji wao. Hayo utayasikia bila kuomba.

Mimi nakushauri uombe habari za wapagazi. Mwambie mwongozaji akueleze Mnyamwezi aliyebeba mzigo wa kilo 30 hivi kutoka Tabora hadi Bagamoyo alilipwa nini, alikula nini, aliimba nini, na alifanya nini akiona halipwi haki yake bali anadhulumiwa. Wageni wengi hudhani kila aliyebeba pembe alikuwa mtumwa. Misafara ilibeba watumwa, na hilo lisemwe bila kufichwa mbele ya watoto. Lakini maelfu ya Wanyamwezi na Wasumbwa walikuwa watu huru waliojiajiri kwa ujira wa nguo, waliojadiliana bei, na walioweza kuutua mzigo njiani wakamwacha tajiri ameduwaa. Kijana aliyekwenda pwani na kurudi alihesabiwa mwanamume. Wasafiri Waingereza Richard Burton na Speke walitoka pwani Juni 1857 wakafika hapa, palipoitwa Kazeh, tarehe 7 Novemba. Bila wapagazi wasingevuka hata Ugogo. Mwaka uliofuata Speke aliondoka hapa Julai kwenda kaskazini kupitia nchi ya Wasukuma, akaliona ziwa kule Mwanza tarehe 3 Agosti 1858. Njia uliyopita jana kwa basi inafuatana kwa sehemu na nyayo hizo.

Na kabla hamjatoka Kwihara, mwongozaji awataje Susi na Chuma. Livingstone alipofariki Mei 1873 katika nchi ambayo leo ni Zambia, watu wake, wakiongozwa na hao wawili, waliukausha mwili wakaubeba hadi pwani. Oktoba 1873 walipita hapahapa, wakakutana na Cameron, ofisa Mwingereza aliyekuwa ametumwa kumtafuta mzee. Cameron alitaka wamzike palepale. Walikataa. Wakauchukua mzigo wao wakaendelea kwa miezi mingine hadi baharini. Nimeona wanafunzi waliokuwa wakisinzia wakiamka kwenye sehemu hiyo ya hadithi.

Kutoka Kwihara rudini mjini, mwelekee upande wa Itetemia na Ipuli, maeneo yanayohusishwa na utawala wa Unyanyembe. Hapa ndipo mwongozaji anapopimwa, kwa sababu macho yako yatakuwa na kazi ndogo. Isike alikuwa mtemi wa Unyanyembe Wajerumani walipokuja kudai njia ya misafara na ushuru wake. Mashambulizi yao ya mwaka 1892 hayakufua dafu mbele ya ngome yake. Januari 1893 walirudi na askari na mizinga, wakiongozwa na Tom von Prince. Ngome ilipovunjwa, Isike hakutaka kushikwa akiwa hai. Aliwasha baruti akajilipua. Simama mahali unapoonyeshwa, mwombe mwongozaji akuchoree chini kwa kijiti: ukuta wa nje ulipita wapi, lango lilitazama wapi, maji yalichotwa wapi, mzinga uliwekwa wapi. Mchoro wa dakika tatu kwenye vumbi jekundu utakufaa kuliko kibao chochote.

Mahali pa namna hii pana wenyewe. Kuna makaburi ya watemi na kuna miti ambayo familia hufanyia matambiko. Usiingie kabla mwongozaji hajaomba ruhusa. Vua kofia, punguza sauti, na ukiambiwa hapa hapapigwi picha, tia simu mfukoni bila kubishana. Ukiokota kigae cha chungu au risasi ya zamani, kirudishe chini palepale ulipokikuta. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inavilinda vitu hivyo, na zaidi ya sheria, kigae kikihamishwa kimepoteza ushahidi wake. Anayechimba kwa utaalamu kesho hataweza tena kujua kilikuwa karibu na nini. Wazee wapelekeeni kitu cha heshima, sukari au majani ya chai, mkabidhi kwa mikono miwili baada ya salamu. Kijana asiyejua Kinyamwezi ajifunze angalau "mwangaluka" ya asubuhi. Milango mingi imefunguka kwa neno hilo.

Boma la Wajerumani ni jengo zuri, na vijana watalitaka kwa ajili ya picha. Liko mikononi mwa jeshi. Litazameni kwa mbali mkipita, simu zibaki mfukoni. Kwenye kituo cha reli omba ruhusa kwa msimamizi kwanza. Reli ya kati ilifika Tabora mwaka 1912, ikafika Kigoma mwaka 1914, na tawi la kwenda Mwanza likakamilika mwaka 1928. Reli ndiyo iliyoua kazi ya upagazi. Kilichochukua miezi mitatu kikawa siku chache. Katikati ya hapo ilipita vita, na tarehe 19 Septemba 1916 majeshi ya Wabelgiji kutoka Kongo yakauchukua mji huu kutoka kwa Wajerumani. Sasa reli ya kisasa inajengwa kupita Tabora na Isaka hadi Mwanza, kwa hiyo kwenye kituo hiki mwanafunzi anaweza kuziona zama tatu za usafiri bila kusogea sana.

Kuhusu rangi. Tabora haijapakwa rangi moja kama Izamal, na wala haihitaji. Udongo ni mwekundu, miembe ni kijani kizito inayofunika barabara nzima, na chini yake zimepangwa kanga za wauzaji, baiskeli zilizofungwa utepe, malundo ya nyanya na ndizi. Tembeeni kwa miguu Gongoni na Kanyenye kabla ya adhuhuri, mpite pembeni mwa misikiti, mtazame mabaraza ya nyumba za zamani ambazo milango yake ingali inafanana na ya pwani. Hapa ndipo mtaona kwamba waliotoka baharini hawakuleta mizigo tu. Walileta namna ya kukaa barazani, kofia za vito, na Kiswahili chenye heshima ambacho watu wa Tabora wanajivunia hadi leo. Msiende kwa gari. Mji huu kwa dirisha la gari unafanana na mji mwingine wowote.

Wenye hamu ya siasa ya uhuru wanaweza kuongeza kituo kimoja: mahali panapokumbukwa mkutano wa TANU wa Januari 1958, maarufu kwa jina la Uamuzi wa Busara. Nyerere, ambaye alikuwa amesoma Shule ya Tabora tangu 1937 hadi 1942 na baadaye akafundisha St. Mary's hapahapa, aliwashawishi wajumbe wakubali kuingia kwenye uchaguzi wenye masharti ya kibaguzi ili waushinde kwa kura. Zuberi Mtemvu alikataa, akatoka, akaanzisha chama chake. Kama kundi lenu ni la watu wazima, mjadala wa nani alikuwa sahihi utawachukua hadi chakula cha mchana.

Na hapo kwenye chakula ndipo safari nyingi zinapoharibika. Mtu anasafiri kutwa nzima kwenda Unyamwezi, kisha anakula chipsi mayai. Sababu ni kwamba chakula cha kienyeji hakikai kwenye mabakuli ya mgahawa kikimsubiri mgeni. Hotelini utapata wali maharage, pilau na kuku wa kukaanga. Chakula cha Wanyamwezi kinapikwa majumbani, na kinataka taarifa. Kwa hiyo siku mbili kabla, mwombe mwongozaji azungumze na mama lishe au familia inayokubali wageni, mtoe nusu ya malipo ili waende sokoni, na mseme idadi yenu kwa ukweli. Mkisema ishirini mkafika thelathini na wawili, mmemdhalilisha mwenyeji.

Agizeni ugali wa mtama au wa muhogo, na mboga zaidi ya moja. Nsansa ni majani ya kunde yaliyochemshwa na kuanikwa; yakipikwa na karanga zilizotwangwa yanatoa harufu ya moshi na udongo wa kwanza wa mvua. Mgagani una uchungu ambao mtoto wa mjini ataukunjia uso; mwambie mpishi auchemshe na kumwaga maji ya kwanza, kisha auunge kwa maziwa au karanga, na uchungu utabaki kidogo tu, wa kuamsha hamu. Mlenda wapishi wanautofautisha kwa aina zaidi ya wewe unavyodhani, waulize. Masika kuna uyoga wa miombo, na hapa sina mzaha: ule uliopikwa na mwenyeji aliyeuchuma au aliyeununua kwa mtu wake, usichume wala usinunue wa kubebea nyumbani kama huujui. Kuna uyoga unaoua. Kwa wanaokula samaki, treni ya Kigoma imeifanya Tabora izoee migebuka ya Tanganyika. Waliozoea sato na sangara wa kwetu watashangaa nyama yake ilivyo na mafuta.

Viazi vitamu vilivyokaushwa vinastahili kituo cha pekee. Sisi wa Masumbwe tunavijua, lakini wajukuu wetu wa mjini wanavichanganya. Michembe ni viazi vilivyomenywa vibichi, vikakatwa vipande vyembamba na kuanikwa. Vinapikwa tena kabla ya kuliwa. Matobolwa ni viazi vilivyochemshwa kwanza, vikamenywa, vikakatwa na kuanikwa juu ya mwamba au bati mpaka vigeuke rangi ya asali iliyokolea. Hivyo unatafuna hivyohivyo, na karanga mkononi. Omba vyote viwili viletwe kwenye sahani moja, watoto waviguse na kuvionja. Kisha waulize wazee ni kipi mpagazi angebeba njiani na kwa nini. Chakula kikavu, chepesi, kisichooza, kinachotafunwa bila moto: hapo somo la asubuhi Kwihara linakutana na sahani ya mchana, na hakuna darasa litakaloweza kulifundisha vizuri zaidi.

Mtataka kurudi na asali, na mnapaswa. Misitu ya miombo ya Sikonge, Urambo na Uyui imeifanya Tabora kuwa na jina. Kuna asali ya nyuki wakubwa, nzito, ya rangi ya kahawia. Na kuna ya nyuki wadogo wasiouma, nyepesi, yenye uchachu, ya bei ya juu zaidi. Barabarani utakutana na chupa za maji zilizojazwa kitu cheusi na kijana anayekuthibitishia kwa njiti ya kiberiti au kwa kudondosha tone mchangani. Majaribio hayo hayathibitishi kitu. Sukari guru iliyopikwa vizuri inaweza kuyapita yote. Nunueni kwa ushirika wa wafugaji nyuki au duka lenye bidhaa zenye alama ya TBS na jina la mzalishaji. Utalipa zaidi kidogo, na pesa itamfikia aliyepanda mti usiku kurina.

Kwa siku moja hayo yanatosha. Nakuomba sana usiongeze. Watu wakishafika mbali hutaka kubana kila kitu: na Urambo kwa kaburi la Mirambo, na msituni kwa mizinga ya nyuki, na sokoni tena. Urambo ni safari nyingine, na inastahili siku yake. Vituo vinne vilivyosimuliwa vizuri vitabaki kichwani; vituo tisa vitabaki kwenye simu.

Kuhusu msimu, kiangazi cha Mei hadi Oktoba ndicho rahisi kwa makundi: barabara za nje ya mji zimekauka, na mavuno yameingia. Anayependa maembe na uyoga aende mvua zikishaanza, akubali matope. Kila mtu abebe maji, kofia, viatu vya kufunga na dawa zake. Wanawake wawe na kanga ya akiba na wanaume suruali ndefu, kwa sababu mtapita misikitini na majumbani kwa wazee.

Kama Tabora ni mbali kwa uwezo wa kikundi chenu mwaka huu, ipo njia ya kaskazini. Pandeni kupitia Runzewe, Bwanga, Katoro na Geita hadi Sengerema, mvuke Daraja la Kigongo–Busisi, lililofunguliwa Juni 2025 na kumaliza foleni ya kivuko, mfike Bujora, Kisesa, mashariki ya jiji la Mwanza. Makumbusho ya Wasukuma pale yalianzishwa na Padre David Clement, mmisionari kutoka Kanada, pamoja na wazee wa Kisukuma. Kuna jengo lenye umbo la kiti cha mtemi, ngoma za kitemi, nyumba ya mganga na ya mhunzi, na kanisa lililofuata umbo la nyumba ya Kisukuma. Ngoma za Bagika na Bagalu zinaweza kuchezwa mkiwapo, lakini wachezaji ni wakulima wenye shughuli zao: toeni taarifa mapema na malipo yao yawe pembeni ya kiingilio. Mwezi Juni, karibu na sikukuu ya Ekaristi, kuna tamasha la Bulabo, na hapo huhitaji kuagiza. Huko nako lala, usigeuze siku hiyohiyo.

Tena, safari nzuri ya Tabora inaanzia hapa Masumbwe. Kabla hamjapanda gari, tafuteni mzee anayejua habari za Usumbwa, akae na kikundi jioni moja. Nchi hii ndiyo iliyotoa wafanyabiashara waliokwenda magharibi kutafuta shaba ya Katanga, na mmoja wao, Ngelengwa, akawa mtawala mkubwa huko kwa jina la Msiri, na makao yake Bunkeya. Aliuawa tarehe 20 Desemba 1891 na msafara wa Stairs uliotumwa kwa niaba ya Mfalme Leopold wa Ubelgiji. Watu wake, Wayeke, wapo hadi leo kusini mwa Kongo, na asili yao wanaitaja kuwa huku kwetu. Mtoto wa Mbogwe anayelijua hilo hatakwenda Tabora kama mgeni anayeangalia mambo ya wengine.

Nina ombi kwa walimu wa Mbogwe na Bukombe. Wengi wenu mna bajeti ya safari moja kwa mwaka, na wazazi wanachanga kwa shida. Andikeni barua kwa makumbusho ya Kwihara muhula wa kwanza ukianza, muombe tarehe na mwongozaji kwa maandishi, mkubaliane mapema bei ya wanafunzi. Wapeni watoto maswali kumi ya kuuliza kabla hawajaondoka, na mkirudi waandike walichojibiwa. Nakala moja ya majibu hayo iwekwe maktaba ya shule, na nyingine mpelekeeni mzee aliyewasimulia.